Kicheko cha Kuazima

Kazi yangu ilikuwa vichekesho, na kwa miaka ishirini na sita sikuwahi kukaa ukumbini. Mwongozaji wa kipindi cha vichekesho hakai na watu wanaocheka. Anakaa nje, ndani ya gari kubwa la matangazo lililoegeshwa nyuma ya ukumbi, kando ya mapipa ya taka, anatazama skrini kumi na mbili na kurudia maneno yaleyale: kamera tatu, kamera moja, kamera tatu. Kicheko kilinifikia kwa waya, kupitia hedifoni zilizonichuna masikio. Watu wakiniuliza kama mchekeshaji fulani anachekesha kweli, mimi nilikuwa nimetazama mshale wa sauti tu. Ukifika kwenye nyekundu, anachekesha.

Nasema haya mapema ili usinitarajie mcheshi. Siku Gregor, aliyekuwa mume wangu, alipofungasha vitu vyake, alisimama mlangoni akasema, "Ishbel, kila nikizungumza na wewe naona unatafuta mahali pa kunikata." Nilitaka kubisha, lakini kusema kweli ile sentensi ilikuwa ndefu.

Sasa nikupe siri moja ya kazi yetu. Watu hawacheki vizuri kwa wakati unaotaka. Mchekeshaji anakohoa, anasahau neno, anarudia, na wewe ukifika chumba cha kuhariri lazima ukate pale alipokosea. Ukikata bila kuficha, mtazamaji anaona mtu karuka ghafla kutoka kushoto kwenda kulia. Kwa hiyo unaweka uso wa mtu anayecheka, sekunde tatu, kisha unamrudia mchekeshaji, na hakuna aliyeona mkasi umepita wapi. Nyuso hizo tulizipata mapema. Kabla ya kipindi kuanza, mchangamshaji wetu Hughie alipanda jukwaani na hadithi zake za bata na mama mkwe, na kamera namba nne ilipiga watazamaji tu. Kicheko cha saa moja jioni, cha bata, tulikipachika saa mbili na nusu chini ya hadithi ya talaka. Tuliita kuazima. Na mimi nilikuwa mwazimaji hodari kuliko wote Glasgow, waulize.

Mwezi wa Oktoba mwaka tisini na tano tulirekodi Dundee, jioni tatu mfululizo. Jioni ya pili kamera nne ikamwokota bibi mmoja mstari wa sita. Sweta ya kijani, nywele nyeupe zilizokatwa fupi, miwani. Hughie alifika mwisho wa hadithi ya bata, na yule bibi akacheka mpaka akavua miwani kufuta machozi, kichwa kikamwangukia begani bwana mmoja wa kulia kwake ambaye ni wazi hawakujuana. Sekunde tatu na nusu. Nikamwambia mpiga picha, "Baki na bibi wa kijani. Usimwache mpaka mwisho." Kwenye lebo ya kanda nikaandika: Mama Machozi.

Nilimtumia mara tisa katika kipindi kile. Chumba chetu cha kuhariri hakina dirisha, na majira yote yale ya baridi nilimwona yeye kuliko nilivyomwona dada yangu anayekaa mitaa miwili kutoka kwangu. Nikiingia asubuhi nilikuwa namsalimia.

"Za asubuhi, Mama Machozi?"

Na Malky, mhariri wangu, mtu mwenye tumbo na moyo mkubwa, anajibu kwa sauti nyembamba ya kike, "Njema, mwanangu. Leo unanichekesha nini?"

Huo ndio ulikuwa urafiki wangu wa mwaka ule. Sioni haya kusema.

Barua yake ilifika Aprili, kwa anwani ya kituo, juu yake imeandikwa: Kwa anayepanga picha. Ilianza hivi: "Mheshimiwa, mimi ndiye mwanamke mwenye sweta ya kijani."

Jina lake Effie Ogilvie, wa Forfar. Mumewe, Wattie, alikuwa na ugonjwa wa kusahau, mwaka wa tano sasa. Binti yao wa pekee, Rhona, anaishi Bristol, kusini kabisa, safari ya siku nzima. Na katika kipindi chetu kilichorushwa Februari, tulichorekodi jioni ileile ya Dundee, alikuwepo Dod Petrie, mchekeshaji wa Aberdeen, aliyekuwa na baba wa ugonjwa uleule na dakika saba za vichekesho juu yake. Hadithi yenyewe niliijua kwa moyo. Dod anasema: "Uzuri wa mzee wangu kusahau ni kwamba siendi tena kumwona. Nampigia simu tu. Namwambia, 'Baba, si nilikuja jana, umesahau? Tulikula keki.' Naye anasema, 'Ndiyo, mwanangu, keki ilikuwa tamu.' Nimefanya hivyo mwaka mzima. Juzi kaniambia, 'Dod, punguza kuja. Hizi keki zinaninenepesha.'"

Ukumbi ulilipuka, Dod akakohoa, nikahitaji uso. Nikaazima wa Mama Machozi.

Barua iliendelea. Rhona naye alikuwa akifanya vilevile. Anampigia baba yake simu, anamwambia alikuja Jumapili akaleta maua. Bi Ogilvie aligundua Desemba, Wattie alipomwuliza yale maua ya Rhona yamewekwa wapi. Hakumwambia binti yake kitu. Aliona mtoto ana aibu yake, amwachie. Kisha Februari Rhona akafungua televisheni yake huko Bristol, akasikia hadithi ya keki, na baada yake akaona uso wa mama yake mzazi, unacheka mpaka machozi. Akapiga simu usiku uleule. "Kumbe mlijua," alisema. "Kumbe mmenifanya kichekesho, unanicheka na nchi nzima." Akakata. Tangu hapo hapokei simu wala hajibu barua.

"Mimi sikucheka pale," aliandika Bi Ogilvie. "Nakumbuka vizuri. Nilikuwa natazama mikono yangu. Sijui mlifanyaje. Sitaki kumshitaki mtu. Ninachoomba ni picha ya uso wangu wa kweli wakati ule, nimpelekee binti yangu. Wattie bado anamtambua kwa sauti. Daktari anasema mpaka kiangazi, labda."

Nilisoma mara mbili, kisha nikampa Malky. Alisoma, akakuna kidevu.

"Bosi, hii rahisi. Kanda za kamera nne bado zipo stoo, zinafutwa mwezi wa tano. Mtolee mama wa watu uso wake, mpelekee, unawe mikono uende zako."

"Una hakika hakucheka?"

"Si kasema mwenyewe?"

Tukaishusha kanda. Nilikuwa nimemwambia mpiga picha asimwache bibi wa kijani, na hakumwacha, kwa hiyo tulikuwa naye saa nzima na nusu, mstari wa sita, katikati. Tukasogeza mpaka mwanzo wa hadithi ya keki. Kweli alikuwa anatazama mikono yake. Dod anasema siendi tena kumwona. Yeye anatazama mikono. Dod anasema tulikula keki, mikono. Malky akanipiga begani, "Unaona?" Kisha Dod akasema punguza kuja.

Mikono ikaruka ikafunika mdomo. Mabega yakaanza kutikisika. Alicheka bila sauti, macho yamefumba, alicheka kuliko hata kwa yule bata. Halafu akageuka kushoto. Kiti cha kushoto hakikuwa na mtu. Kilikuwa na koti la kiume, limetandikwa vizuri, mabega juu ya mgongo wa kiti, na kofia bapa imewekwa juu ya magoti, yaani mahali ambapo magoti yangekuwa. Alilitazama lile koti sekunde mbili. Kisha akageuka mbele, akateremsha mikono, na hakucheka tena mpaka taa zilipowashwa.

"Lo!" Malky alisema. "Mama kacheka."

Nikaisimamisha kanda.

"Sasa?"

"Nipe pale meneja alipotangaza milango ya moto."

Alinielewa mara moja. Hatukufanya kazi pamoja miaka kumi na moja bure. Meneja wa ukumbi alipotangaza milango ya dharura, Bi Ogilvie alikuwa kakaza midomo, anatazama mbele, ana huzuni kidogo, pengine anawaza kama gesi aliifunga. Tulichukua uso ule tukauweka chini ya hadithi ya keki, tukaleta sauti ya ukumbi, tukarekebisha rangi. Dakika nne. Ukiitazama unamwona mama mmoja mwenye heshima, katikati ya watu mia nane wanaocheka, yeye peke yake amekataa. Nilikuwa sijafanya kazi safi kama hiyo maishani. Niliandika anwani kwenye bahasha, nikaifunga, nikaitia kwenye mkoba pamoja na nakala ya ile ya kweli.

"Njia ya mwongo fupi, bosi," Malky alisema huku anavaa koti.

"Forfar ni mbali."

"Haya."

Ilikuwa Ijumaa. Ningeipitisha posta asubuhi. Asubuhi nikapita posta, nikanunua stempu, nikarudi nyumbani na bahasha. Nilijiambia ni mvua.

Jumamosi ile nilikaa sebuleni kwangu Partick na kanda zote mbili na deki, nikazitazama kwa zamu mpaka chai ikapoa. Unaona, kuna jambo moja nililojifunza katika miaka yote ile ya kutazama nyuso, wala hakuna aliyenifundisha. Mtu akicheka kweli, humgeukia mtu wake. Hafikirii. Shingo inageuka yenyewe, amwone mwenzake naye anacheka. Wachumba wapya hugeukiana hata kabla hadithi haijaisha. Waliokwisha kuchokana, waliokuja kwa sababu tiketi zilikuwepo, wanacheka wakitazama mbele. Ningeweza kukaa kwenye gari langu pale nyuma na kukuambia nani ataachana na nani. Kwenye harusi ya mpwa wangu, yule mume wangu Gregor alicheka na kugeukia meza ya pili, kwa mwalimu mmoja wa muziki. Ilikuwa wiki sita kabla ya yeye mwenyewe kujua. Mimi nilijua palepale, nikaendelea kula.

Mama Machozi, yule wangu wa mara tisa, alikuwa amemwangukia mtu baki. Huyu wa kweli alimgeukia Wattie. Na mimi nilikuwa nimemkata Wattie nikaweka milango ya moto. Niliona aibu, aibu yenyewe, ile ya kuchoma masikio, na sikuwa na mtu wa kumwambia, kwa hiyo nikachukua ufunguo wa gari.

Nilifika Forfar saa nane mchana. Aliyefungua mlango alikuwa mfupi kuliko nilivyomzoea. Nusura nimkumbatie. Nilijua jinsi anavyovua miwani, nilijua jino lake la pembeni lililokatika, nilijua kila kitu, naye alinitazama kama unavyomtazama mtu aliyekosea nyumba.

"Bi Ogilvie? Mimi ndiye ninayepanga picha."

Akasogea pembeni. "Karibu ndani, mwanangu. Futa miguu."

Mzee Wattie alikuwa amekaa dirishani, amevaa tai, gazeti mapajani.

"Effie, huyu ni wa kusoma mita ya umeme?"

"Si wa mita, Wattie. Ni mgeni."

"Mita iko chini ya ngazi," akaniambia kwa upole. "Wote huwa wanapotea."

Nikamshukuru. Bi Ogilvie alileta chai na zile sambusa kubwa za nyama za kwao, moto, karatasi ikavuja mafuta kwenye sahani. Nilishindwa kula. Nikaweka kanda mbili mezani.

"Mama, nimekuja na mbili. Moja ndiyo uliyoomba, inaonyesha hukucheka. Nimeitengeneza mimi, ni ya uongo. Hii nyingine ni ya kweli."

Alizitazama kanda. "Nyingine inaonyesha nini?"

"Afadhali uone."

Deki yao ilikuwa kuukuu, ilitaka kofi ubavuni ndipo imeze kanda. Nikamwonyesha ya kweli. Alisogea karibu na televisheni, akainama, akajitazama akitazama mikono yake. Kisha akajiona anacheka. Kisha akajiona anageuka. Picha ilipoisha alibaki vilevile ameinama.

"Basi nilicheka," alisema.

"Ulicheka, mama."

"Ningeapa mbele ya mchungaji kwamba sikucheka." Alikaa. "Mwenye ugonjwa wa kusahau ni yule pale, na aliyesahau ni mimi."

"Umesahau nini?" Wattie akauliza toka dirishani.

"Nimesahau nilicheka."

"Si kitu kikubwa," alisema mzee. "Utacheka tena."

Akataka kuona na ile ya uongo. Nikaiweka. Aliitazama mara mbili, akatikisa kichwa.

"Huyu ni mimi nikiwa kanisani. Rhona angeamini. Ungenitumia hii ningekushukuru mpaka kaburini. Kwa nini umeleta zote?"

"Kwa sababu ya koti."

Hapo alivua miwani. Nilikuwa nimemwona akiivua mara mia, na sasa kwa mara ya kwanza nilijua machozi ni ya nini. Akanieleza. Tiketi alinunua mbili, toka Agosti. Jioni yenyewe Wattie akakataa kuvaa viatu, alilia akisema si vyake. Jirani akaja kukaa naye, akamwambia Effie nenda, hujatoka nyumba hii mwaka mzima. Mlangoni akalichukua koti la mumewe.

"Watu husema asiyekuwepo na lake halipo. Mimi nikasema la Wattie litakuwepo, hata kama ni kiti tu. Ile hadithi ya keki, mwanangu, ilinichoma, nilimwona Rhona mle ndani. Lakini pale kwenye kunenepa... ningekuwa na Wattie, Wattie mwenyewe angecheka wa kwanza. Nadhani nilitaka kumwambia, 'Umesikia?'" Akapangusa lenzi kwa pindo la sweta. Ilikuwa ile ya kijani. "Sasa mtoto wangu hataki kusikia la mtu."

Nilimwambia ukweli wangu: kwamba ile ya uongo ingemrudisha Rhona kesho yake, na ile ya kweli inaweza kumpoteza kabisa. Chaguo ni lake, na kanda zote ni zake. Hakufikiri muda mrefu. Alikwenda kwenye simu iliyokuwa ukutani na kupiga namba bila kutazama. Ikaita, ikaita, kisha mashine ya kupokea ujumbe.

"Rhona, ni mama. Najua upo, unasikiliza. Nilikuandikia kwamba sikucheka. Nilicheka. Nimeona kwa macho yangu, nilicheka sana. Usikate. Njoo Jumapili ijayo uone nilicheka na nani. Ukiondoka baada ya hapo, ondoka. Baba yako huyu hapa." Akamnyooshea mumewe simu. "Wattie, sema na Rhona."

Mzee alikuja taratibu, akashika simu kwa mikono miwili.

"Rhona? Maua yako bado hayajanyauka, mwanangu."

Dirishani palikuwa na chupa tupu ya maua. Bi Ogilvie akaninyamazisha kwa jicho.

Aliniomba nirudi Jumapili. Alisema deki inamsumbua. Nilijua deki inataka kofi tu, na yeye alijua kwamba najua, lakini nadhani aliogopa kuwa peke yake endapo binti asingekuja. Nami nilikubali upesi mno. Wiki nzima Malky alinisikia nikipiga mluzi.

"Umepata bwana?"

"Nimealikwa chai."

"Na nani?"

"Na Mama Machozi."

Alinitazama kwa huruma, na huruma ya Malky sikuipenda.

Jumapili nilifika mapema. Nilivua koti langu nikalitupa kwenye kiti cha kushoto, mimi nikakaa cha katikati, karibu na deki. Saa tisa kasorobo teksi ikasimama nje. Rhona alikuwa mwanamke wa miaka arobaini, mrefu, macho mekundu ya kutolala kwenye treni, na mkononi ana maua ya manjano, mengi mno, kama ya watu watatu. Mama yake alisimama mlangoni, hakuna aliyemgusa mwenzake.

"Huyo Rhona," alisema Wattie toka sebuleni, kabla hajamwona, kwa kusikia tu miguu. "Tena? Si ulikuja juzi?"

Rhona alifunika uso kwa yale maua. Mama yake akamvua koti, akamwingiza ndani. Rhona akaniona mimi.

"Nani huyu?"

"Ni wa mita," alisema Wattie.

"Mimi ndiye ninayepanga picha," nikasema. "Ile ya Februari niliipanga mimi. Kicheko ulichokiona hakikuwa cha hadithi ile. Nilikiazima."

"Uliazima." Alinipima toka juu mpaka chini. "Kutoka kwa mama yangu. Una watoto, dada?"

"Sina."

"Nilidhani hivyo."

"Rhona," mama yake akamkanya.

"Mwache, mama. Ana haki," nikasema.

Nikapiga deki kofi. Tukatazama. Rhona alikaa kwenye mkono wa kiti cha baba yake, maua bado mapajani. Alipomwona mama yake kwenye skrini anashika mdomo na kutikisika, shingo ilimkakamaa, akaanza kuinuka. Kisha yule mama wa kwenye skrini akageuka kushoto. Rhona hakuinuka tena.

"Rudisha," aliniambia.

Nikarudisha. Mama wa kwenye skrini akageuka tena kushoto, akalitazama koti.

"Ulikuwa unamwambia baba."

"Nilitaka asikie," alisema Bi Ogilvie. "Sikukucheka wewe, mwanangu. Na hata kama nilikucheka kidogo, nilikucheka na yeye."

"Mama, nilimdanganya kuhusu maua."

"Najua. Lakini yeye hajui. Kwake uliyaleta."

Rhona akalia, kile kilio cha mtu mzima ambacho hakina uzuri wowote. Mama yake akavuka zulia akamshika kichwa. Mimi nikaitazama deki. Kisha Wattie, aliyekuwa bado amekaza macho kwenye skrini, akanyoosha kidole.

"Lile koti nalijua."

"Ni lako, Wattie."

"Na mimi nilikuwa wapi?"

"Nyumbani. Ulikataa viatu."

Akatazama miguu yake, akawaza. "Basi afadhali koti lilienda. Lilicheka?"

"Halikucheka hata chembe."

"Basi mchekeshaji mwenyewe hafai," alisema Wattie.

Bi Ogilvie ndiye aliyeanza, mikono mdomoni. Rhona akafuata, na makamasi yake, na mzee naye alipoona wote wanacheka akacheka, bila kujua kwamba aliyewachekesha ni yeye. Effie alimgeukia Wattie. Rhona alimgeukia mama yake. Wattie aliwageukia wote wawili, mmoja baada ya mwingine, kuhakikisha.

Na mimi nilicheka. Nakuapia nilicheka, bila waya, bila mshale, tumbo likaniuma, na shingo yangu ikageuka yenyewe kushoto.

Palikuwa na koti. Koti alilogeukia Bi Ogilvie lilikuwa la Wattie. Hili lilikuwa langu.

Nikainuka, nikaitoa kanda kwenye deki.